NYANYA, MKARATUSI NA TEMBE ZA MALARIA: SOMO FUPI KUHUSU TERPENI

Wahenga walinena kuwa kuuliza si ujinga. Ndugu msomaji, mwaka huu nimeamini kuwa hata kukosa jibu si ujinga, ila kukosa jibu na kutulia tu ndio ujinga wenyewe. Swali lililonitoa jasho halikutoka kwa mwalimu wala kwenye mtihani. Lilitoka kwa nyanya yangu, jioni moja nikiosha sufuria.

Ndugu yangu mdogo, mwenye umri wa miaka minane, alikuwa ameshikwa na homa. Kwetu huku Magharibi malaria ni mgeni asiyebisha hodi. Nyanya alichuma majani ya mkaratusi na mchaichai, akayachemsha, akamfunika mtoto blanketi ili ajifukize. Pua ilizibuka, jasho likamtoka, nasi tukalala tukidhani mambo yamekwisha. Kumbe wapi! Alfajiri mwili wake ulikuwa moto kama jiko la makaa, naye akaanza kuweweseka. Mama alimbeba mgongoni hadi zahanati. Damu ikapimwa, ikaonekana ni malaria. Akapewa tembe za kumeza mara mbili kwa siku, kwa siku tatu. Siku ya tatu alikuwa tayari anafukuzana na kuku uani.

Hapo ndipo nyanya aliponiuliza, "Mjukuu wangu, wewe si unasoma hiyo Kemia? Hebu niambie, mbona majani yangu yalifungua pua lakini homa yakaiacha? Na hizo tembe zimetoka mti gani?"

Mimi hoi! Milinganyo ya Kemia naijua, lakini kwa Kiingereza. Kwa Kiswahili ulimi uliganda. Basi nikamwendea mwalimu wetu wa Kemia, nikapekua vitabu maktabani, na haya ndiyo niliyoyavuna.

TOFALI MOJA, NYUMBA NYINGI

Sisi wa kidato cha tatu tumekwisha kukutana na haidrokaboni, yaani michanganyiko iliyoundwa kwa kaboni na haidrojeni peke yake. Mojawapo ni isopreni, ambayo fomyula yake ni C5H8. Ifikirie isopreni kama tofali. Fundi mwenye tofali la aina moja anaweza kujenga choo, jikoni, kanisa au msikiti. Mimea nayo, kwa umbo hilo moja la kaboni tano, imejenga maelfu na maelfu ya vitu tofauti. Vitu hivyo ndivyo tunavyoviita terpeni.

Jina hili limetokana na tapentaini, yale mafuta ya utomvu wa misonobari ambayo mafundi hutumia kuzimulia rangi. Mtaalamu wa Kijerumani, Otto Wallach, ndiye aliyeona kuwa terpeni nyingi zinaweza kugawanywa katika vipande vya isopreni. Alipata Tuzo ya Nobel ya Kemia mwaka wa 1910. Baada yake Leopold Ružička, aliyefanya kazi yake Uswisi, aliendeleza kanuni hiyo na kupata tuzo iyo hiyo mwaka wa 1939.

KOO ZA TERPENI

Ukitaka kujua ukoo wa terpeni, hesabu kaboni zake, kisha gawanya kwa tano. Usihangaike sana na haidrojeni, maana mmea huziongeza au kuzipunguza upendavyo.

1. Monoterpeni: kaboni 10, matofali mawili. Hizi ni nyepesi na hupaa hewani upesi, ndiyo maana twazinusa. Limoneni (C10H16) imo katika ganda la chungwa. Sitrali imo katika mchaichai, mentoli katika mnanaa, sineoli katika mafuta ya mkaratusi. Kafuri pia imo humu.

2. Seskwiterpeni: kaboni 15, matofali matatu. Hizi ni nzito kidogo. Mfano mkuu ni artemisinini, ambayo tutairudia.

3. Diterpeni: kaboni 20, matofali manne. Fitoli, ule mkia wa molekuli ya klorofili, ni ya ukoo huu. Basi kila jani la kijani unaloliona lina terpenoidi ndani yake!

4. Triterpeni: kaboni 30, matofali sita. Skwaleni ni mfano wake. Ile dawa chungu ya mwarobaini inayowazuia wadudu kula na kukua, azadiraktini, chanzo chake ni ukoo huu, ingawa imepoteza kaboni kadhaa njiani.

5. Tetraterpeni: kaboni 40, matofali manane. Hapa ndipo penye rangi. Likopeni huipa nyanya wekundu (nasema nyanya ya kupikia, si nyanya yangu!), na betakarotini huipa karoti rangi yake. Mwili wetu huikata betakarotini katikati ukapata vitamini A. Sukuma wiki nayo inayo, ila rangi yake hufunikwa na kijani.

6. Politerpeni: matofali maelfu kwa maelfu yaliyoshikana mkono. Huu ndio mpira wa asili, utomvu wa mti wa mpira.

Usichanganyikiwe hapa. Mono maana yake ni moja, lakini monoterpeni ina matofali mawili. Sababu ni kwamba wataalamu walianza kuhesabu kutoka kaboni 10. Kwa hiyo seskwi, yaani moja na nusu, ni kaboni 15.

TERPENI NA TERPENOIDI

Je, pana tofauti? Ndiyo. Terpeni halisi ni haidrokaboni tupu, kama limoneni. Ikiongezewa oksijeni au ikipanguliwa umbo lake, huitwa terpenoidi. Linganisha limoneni, C10H16, na mentoli, C10H20O. Zote zina kaboni kumi, lakini moja hunukia chungwa na nyingine hukupoza ulimi.

Tahadhari moja: si kila kinukiacho ni terpeni. Karafuu za Unguja na Pemba hunukia hasa kwa sababu ya eugenoli, nayo haikujengwa kwa isopreni. Hata hivyo, ndani ya karafuu hiyo hiyo mna kariofileni, ambayo ni seskwiterpeni. Mgeni na mwenyeji chumba kimoja.

MMEA WAFAIDI NINI?

Mmea hauna miguu ya kukimbia wala mikono ya kupiga. Silaha yake ni Kemia. Harufu nyingine humfukuza adui, nyingine humwita nyuki. Kule Mbita, kando ya Ziwa Victoria, watafiti waligundua kuwa nyasi ya molasi ikipandwa kati ya mahindi hutoa harufu za ukoo huu, zikawafukuza nondo ambao viwavi wao hutoboa mabua. Isitoshe, harufu hizo huwaita nyigu wadogo wanaowaua viwavi hao. Pareto nayo, zao ambalo Kenya iliwahi kuongoza ulimwenguni, ina sumu ya wadudu ambayo kipande kimoja cha molekuli yake ni cha jamii ya monoterpeni.

JARIBIO RAHISI

Chukua ganda bichi la chungwa na puto lililopulizwa. Kunja ganda ili mafuta yake yaruke juu ya puto. Mara nyingi puto hupasuka, pwaa! Kwa nini? Puto ni mpira, yaani politerpeni, na limoneni ni monoterpeni. Vitu vinavyofanana huyeyushana. Limoneni hulainisha mpira na hewa iliyomo hupenya kwa nguvu. Ila usifanye karibu na moto, maana mafuta hayo huwaka, wala usiyaelekeze machoni.

NILIVYOMJIBU NYANYA

Sasa turudi kwenye sufuria. Nilimweleza nyanya hivi: Majani ya mkaratusi yakichemka, sineoli hupanda na mvuke na kuingia puani. Ndiyo maana mtoto alihisi pua imefunguka. Lakini vijidudu vya malaria haviko puani, vimo ndani ya damu, katika chembe nyekundu. Harufu haiwezi kuwafuata huko.

Zile tembe alizopewa zina artemetha, ambayo hutengenezwa kutokana na artemisinini. Hiyo hupatikana katika mmea wa Kichina uitwao Artemisia annua. Mwanasayansi Tu Youyou alipitia vitabu vya kale vya kwao. Kimoja, cha karne ya nne, kilisema mmea huo uloweshwe majini kisha ukamuliwe. Hakikusema uchemshwe! Akang'amua kuwa joto kali huenda linaiharibu dawa. Mwaka wa 1971 alitumia etha, ambayo huchemka kwa joto dogo, na dawa ikapatikana. Mwaka wa 2015 alipata Tuzo ya Nobel. Molekuli hiyo ina atomu mbili za oksijeni zilizoshikana kama daraja. Zikikutana na madini ya chuma ndani ya kijidudu, daraja huvunjika na kukiangamiza.

Nyanya alinyamaza kidogo, kisha akasema, "Kumbe mti wangu na mti wa daktari ni wa ukoo mmoja, ila kazi mbalimbali." Nikamwambia ndivyo hasa. Naye akauliza kama basi tuupande huo wa Kichina tuwe tunakunywa chai yake. Nikamjibu la. Katika chai huwezi kujua kipimo, na artemisinini haiyeyuki vizuri majini. Kipimo kidogo huacha vijidudu hai, vikazoea dawa. Ndiyo maana Shirika la Afya Duniani haliungi mkono chai hiyo, na ndiyo maana tembe humezwa hadi zishe, hata kama mtoto amekwisha kuanza kufukuza kuku.

Sikumlaumu nyanya, maana alifanya alilolijua kwa mapenzi. Lakini usiku mwingine nikikumbuka jinsi ndugu yangu alivyoweweseka, najiuliza ingekuwaje kama tungengoja siku moja zaidi. Tangu siku hiyo tumekubaliana nyumbani: homa ikiingia, kwanza damu ipimwe. Mchaichai tutakunywa baadaye, kwa utamu wake.

MASWALI

1. Terpenoidi yenye kaboni 20 ina matofali mangapi, nayo ni ya ukoo gani?
2. Kwa nini twanusa chungwa lakini hatunusi betakarotini ya karoti?
3. Mweleze mtu wa nyumbani kwenu tofauti ya sineoli na artemisinini kwa Kiswahili. Akikuelewa, umepita mtihani.

Wanaosema eti sayansi haisemeki kwa Kiswahili, nyanya yangu ameielewa. Kalamu naiweka chini.