Kompyuta Ikikataa Kuwaka kwa Flashi: Tuanzie Wapi?



Ndugu msomaji, muhula uliopita, zikiwa zimebaki siku 4 tuwasilishe tasnifu, mwenzangu wa chumbani aliwasha laptopu yake. Windows ikazunguka, ikazunguka, kisha ikagoma. Tasnifu yake yote, kurasa 60 na ushei, ilikuwa humo, na hakuwa na nakala nyingine popote. Fundi wa kwanza tuliyemwendea hapa Bujumbura alisema dawa ni kuweka Windows upya, na kwamba kila kilichomo kitafutika. Tulimshukuru, tukarudi na laptopu yetu.

Mimi nasoma masomo ya Kiislamu, si kompyuta. Lakini nilikuwa nimejifunza jambo moja: Windows kuharibika si lazima diski nayo iwe imekufa. Ipo mifumo endeshi ya bure, kama vile Ubuntu na Linux Mint, inayoweza kuwaka kutoka kwenye flashi bila kugusa kilichomo kwenye diski ya ndani. Ukishaingia kwa njia hiyo, unafungua diski, unanakili faili zako kwenye flashi ya pili, na kazi imekwisha. Shida yetu ilikuwa kwamba laptopu ilikataa kabisa kuwaka kwa flashi. Somo la leo ni kuhusu kukataa huko, kwa mpangilio ambao laiti ningeujua mapema.

Kwanza: hakikisha flashi yenyewe ni sahihi

Katika fiqhi tunafundishwa kuwa yakini haiondolewi na shaka. Basi kabla ya kuituhumu kompyuta, pata yakini juu ya flashi. Ichomeke kwenye kompyuta nyingine iliyo nzima ujaribu kuiwasha kwa flashi hiyo. Ikiwaka huko, kosa liko kwenye kompyuta yako. Isipowaka huko pia, flashi ndiyo ya kushukiwa kwanza.

Kosa la kwanza nililofanya, na wengi hulifanya, ni kupakua faili la ISO na kulinakili kwenye flashi kama unavyonakili wimbo au picha. Hilo halitoshi. Faili la ISO linatakiwa liandikwe kwa programu maalumu ili flashi iwe na sehemu ya kuwashia. Kwenye Windows tumia Rufus au balenaEtcher. Ipo pia Ventoy: hiyo unaiweka kwenye flashi mara moja, na baada ya hapo ndipo unaruhusiwa kunakili mafaili ya ISO kama kawaida. Tumia flashi ya GB 8 au zaidi, na kumbuka kuwa programu hizi hufuta kila kitu kilichokuwa kwenye flashi.

Kama bando lilikatika wakati wa kupakua, huenda ISO yenyewe ina kasoro. Tovuti za Ubuntu na Mint huweka alama ya SHA256 ya kila faili. Kwenye Windows fungua dirisha la amri, andika certutil -hashfile, kisha jina la faili, kisha SHA256. Alama utakayopewa ikitofautiana na ile ya tovuti hata kwa herufi moja, pakua upya.

Pili: ita menyu ya kuwashia

Kompyuta ikiwashwa, kwa kawaida hukimbilia diski ya ndani. Lazima uiambie kwa wakati wake kwamba leo unataka flashi. Izime kabisa, chomeka flashi, iwashe, na papo hapo bonyeza kitufe cha menyu mara nyingi mfululizo. Kwenye Dell na Lenovo nyingi ni F12, kwenye HP ni Esc kisha F9, na kwenye laptopu nyingi za ASUS ni Esc. Acer nayo hutumia F12, ila kwa baadhi yake lazima kwanza uingie kwenye mipangilio kwa F2 uiruhusu menyu hiyo. Kama kibodi yako ni ya Kifaransa usihangaike, vitufe vya F viko palepale. Kwenye baadhi ya laptopu utahitaji kushikilia Fn pamoja navyo.

Windows yako ikiwa bado inawaka, fahamu kwamba kuzima kwa kawaida mara nyingi si kuzima kamili. Shikilia Shift huku ukibonyeza Restart, kisha uchague "Use a device".

Flashi isipoonekana kwenye orodha, ihamishie kwenye tundu jingine. Usipitishe kwenye kigawanyo cha USB, ichomeke moja kwa moja kwenye kompyuta.

Tatu: angalia mipangilio

Ingia kwenye mipangilio ya ndani, yaani BIOS. Kwa kawaida ni F2, na kwenye HP ni F10. Tafuta sehemu ya Boot uone kama kuwasha kwa USB kumeruhusiwa. Hapa ndipo tulipolikuta kosa la pili. Laptopu ya mwenzangu aliinunua ikiwa imeshatumika ofisini, na ruhusa ya USB ilikuwa imezimwa. Ofisi hufanya hivyo makusudi ili mtu asichomeke flashi yake na kuingia. Tuliiwasha ruhusa hiyo, tukahifadhi, tukatoka. Ukikuta mipangilio imefungwa kwa nywila, rudi kwa aliyekuuzia.

Badilisha jambo moja tu kwa wakati mmoja, na uandike kwenye karatasi lilivyokuwa kabla. Ukigeuza matano kwa pamoja, hutajua lipi lilikuwa dawa na lipi limeongeza ugonjwa.

Nne: lugha ya kompyuta na lugha ya flashi

Kompyuta za zamani huwaka kwa BIOS ya asili, nazo mpya huwaka kwa UEFI. Flashi iliyoandaliwa kwa njia moja tu haitawaka kwa nyingine. Kwenye Rufus, chaguo la GPT ni kwa UEFI, na MBR ni kwa kompyuta za zamani. Kama flashi inaonekana kwenye menyu lakini ukiichagua unapata skrini nyeusi na kistari kinachopepesa, rudi kwenye Rufus ubadilishe chaguo hilo. Pia angalia kama kichakato ni cha biti 32, kwani mifumo ya biti 64 haitawaka humo.

Tano: Secure Boot, na tahadhari yake

Tangu Windows 8 ilipotoka mwaka 2012, kompyuta nyingi zina kinga iitwayo Secure Boot, ambayo hukataa mfumo usio na saini inayotambulika. Ubuntu na Fedora zina saini hiyo, mifumo mingine haina. Unaweza kuizima kwenye mipangilio, lakini subiri kidogo. Kama diski imefungwa kwa BitLocker, kuizima kunaweza kuifanya Windows idai ufunguo wa tarakimu 48. Utafute kwanza ufunguo huo. Mara nyingi huwa umehifadhiwa kwenye akaunti ya Microsoft ya mwenye kompyuta. Bila ufunguo, diski iliyofungwa haisomeki hata kwa Ubuntu.

Sita: ikiwaka, usiharibu

Hapa ndipo pa hatari kuliko pote. Utaulizwa kujaribu au kusakinisha. Chagua kujaribu, yaani "Try". Ukichagua kusakinisha na kukubali kufuta diski, utakuwa umefanya kwa mkono wako kile ulichomkatalia fundi.

Na kama kompyuta ni ya mwenzako, kumbuka kwamba kila alichohifadhi kitakuwa wazi mbele yako. Hiyo ni amana. Chukua faili uliloombwa, usifungue mengine.

Sisi ilitubidi tukeshe hadi karibu na alfajiri. Folda ya tasnifu ilipofunguka, mwenzangu aliinakili mara 3: kwenye flashi, kwenye laptopu yangu, na kwenye barua pepe yake. Windows tuliiweka upya siku nyingine, kwa utulivu, kwa sababu hakukuwa na cha kupoteza tena.

Basi nawe, kabla hujafunga ukurasa huu, jiulize: laptopu yako ikigoma usiku wa leo, nakala ya kazi yako iko wapi? Kama jibu ni "humo humo", inuka sasa ukanakili.

Wabillahi tawfiiq.