Ustaarabu Ulianzia Wapi? Somo juu ya Mtoto wa Panga ya Saidi

Mara nyingi twasikia watu wakisema, "Huyu ni mstaarabu," na "Yule hana ustaarabu." Wasemao hivyo hudhani wamesema neno lililo wazi. Lakini neno hili lina asili yake. Ustaarabu ni neno lililotoka katika Kiarabu, na maana yake ya kwanza ni kushika desturi za Waarabu. Neno utamaduni nalo limetoka huko huko, na mzizi wake ni mmoja na wa neno madina, yaani mji. Basi neno la kwanza lataka tuamini ya kuwa mwenendo mwema ulikuja kwa jahazi. Na neno la pili lataka tuamini ya kuwa ulianza kwa watu wa mjini. Na yule asiye na jahazi wala mji akaitwa mshenzi.

Hatuyatupi maneno hayo, maana tumeyazoea nayo yanatufaa. Lakini katika somo hili twataka kuuliza: Je, mambo yamfanyayo mtu kuwa mtu kati ya wenzake, kama kufundishana kazi, kujipamba, kumtunza mnyonge na kumzika aliyekufa, yalingoja mji na jahazi? Ardhi yenyewe imetoa jibu, na sehemu kubwa ya jibu hilo imetoka katika nchi zetu hizi.

1. Nyuma ya jiwe yuko mwalimu

Katika bonde la Oldupai, kaskazini ya Tanzania, Louis Leakey na mkewe Mary walichimba miaka mingi, wakapata mawe yaliyopasuliwa kwa makusudi yapata miaka 1,800,000 iliyopita. Asiyejua akiyatazama huona kokoto tu. Lakini jaribu mwenyewe kupasua jiwe ili upate makali. Jiwe la kupigia hushikwa kwa mkono mmoja, na jiwe la kupasuliwa kwa mkono wa pili. Pigo halina budi kushuka karibu na ukingo. Likishuka katikati, jiwe hukataa kupasuka, au huvunjika ovyo. Likishuka mahali pake, hutoka kibanzi chembamba chenye makali ya kukata ngozi na nyama.

Tena wale wa kale hawakuokota jiwe lo lote. Mahali paitwapo Kanjera, karibu na Ziwa Viktoria upande wa Kenya, yapata miaka 2,000,000 iliyopita walichukua mawe magumu kutoka mwendo wa zaidi ya kilomita 10, kwa kuwa mawe yaliyokuwa karibu hayakuwa mazuri kama hayo. Na huko Olorgesailie, kusini ya Nairobi, yapata miaka 300,000 iliyopita, watu walitumia jiwe jeusi ling'aalo kama kioo, litokalo katika milima ya moto, nalo lilikuwa limesafirishwa makumi ya kilomita.

Tuangalie jambo hili vema. Ujuzi haukai ndani ya jiwe. Hukaa katika mkono wa mtu, nao hupita kutoka mkono wa mzee mpaka mkono wa kijana. Kizazi kimoja kikikosa kufundishwa, kazi hufa. Kwa hiyo kila jiwe lililopasuliwa ni ushuhuda wa mtoto aliyekaa karibu na mkubwa, akitazama, akijaribu, akikosea, akijaribu tena. Huo ndio mwanzo wa mila: jambo lililopokewa, si jambo la kuzaliwa nalo.

2. Pango la pwani

Sasa twendeni mpaka pwani ya Kenya, katika kaunti ya Kilifi. Huko, katika vilima vya mawe ya chokaa, mwendo wa kilomita 15 hivi kutoka baharini, lipo pango liitwalo Panga ya Saidi. Msomaji asidhani ni panga la kukatia miti; panga, katika usemi wa huko, ni pango. Tangu mwaka 2010 wataalamu wa Makumbusho ya Taifa ya Kenya, pamoja na wenzao wa kutoka Ujerumani na nchi nyingine, walichimba humo. Wakakuta tabaka juu ya tabaka za udongo, na katika tabaka hizo alama za watu waliokaa humo mara kwa mara tangu miaka 78,000 iliyopita.

Kati ya vitu vilivyopatikana ni ushanga mmoja wa gamba la mnyama wa baharini, wa kati ya miaka 67,000 na 63,000. Ushanga haukati nyama, wala hauwashi moto, wala haumfukuzi chui. Faida yake ni moja tu: kumwambia jirani jambo juu ya yule auvaaye. Ikiwa hakuna jirani wa kuutazama na kuuelewa, ushanga hauna kazi. Basi anayetoboa ushanga amekwisha kuishi kati ya watu wanaojuana kwa alama.

3. Kaburi dogo

Mwaka 2013 wachimbaji waliona vipande vya mifupa vilivyolainika mno. Mwaka 2017 wakakifikia kishimo kidogo, kadiri ya meta 3 chini ya sakafu ya pango ya leo. Mifupa iliyokuwamo ilikuwa karibu kuwa vumbi, haikuwezekana kuigusa. Wakaifunika kwa plasta pamoja na udongo wake, wakaichukua mpaka Nairobi, kisha ikapelekwa mji wa Burgos katika Hispania, ambako ilifunuliwa polepole kwa vyombo vidogo. Wakaona fuvu, taya, meno, uti wa mgongo na mbavu. Ilikuwa maiti ya mtoto wa miaka miwili na nusu au mitatu, aliyezikwa yapata miaka 78,000 iliyopita. Wakamwita kwa neno letu la Kiswahili, Mtoto, na habari zake zilichapishwa mwaka 2021. Wakati huo lilikuwa kaburi la kale kuliko yote ya watu wa namna yetu yaliyojulikana katika Afrika. Makaburi ya kale zaidi yamepatikana katika nchi ya Israeli, katika mapango ya Skhul na Qafzeh.

Mtu aweza kuuliza, "Umri huo ulipimwaje?" Kipimo cha kaboni hakifiki mbali kupita miaka 50,000 hivi. Kwa hiyo walipima mchanga. Chembe ya mchanga ikifunikwa isione jua, hukusanya nguvu kidogo kidogo kutoka katika udongo unaoizunguka, mwaka kwa mwaka. Ikitolewa gizani na kuangaziwa taa maalum, hutoa mwanga mdogo. Na wingi wa mwanga huo humwonyesha mtaalamu muda ambao chembe ilikaa bila kuona jua.

Na yajulikanaje ya kuwa mtoto huyu alizikwa, wala hakufukiwa na udongo ulioanguka wenyewe? Dalili zake ni hizi:

Kwanza, udongo wa ndani ya kishimo si sawa na udongo wa kandokando. Watu walichimba, kisha wakafukia kwa udongo wa sakafu ya pango.

Pili, mifupa ilikaa kila mmoja mahali pake. Fisi hakumburura.

Tatu, alilazwa kwa ubavu wa kuume, magoti yamekunjwa kuelekea kifuani, kama mtoto aliyelala.

Nne, mifupa ya bega na mbavu za juu ilikuwa imebanwa pamoja, kama ya mwili uliozungushiwa ngozi au majani na kukazwa.

Tano, kichwa kilikuwa kimeinama na kushuka katika nafasi tupu. Chini yake paliwekwa kitu cha kukiinua, kama mto, nacho kikaoza, kichwa kikashuka.

4. Hoja ya mto

Yuko atakayesema, "Hilo si jambo kubwa. Walimfukia ili fisi wasije, tena ili pango lisinuke." Hoja hii si ya kudharauliwa, maana hata wanyama huondoa uchafu mahali pao pa kulala. Lakini fikirini juu ya ule mto. Kwa kumzuia fisi, shimo latosha. Kwa kuondoa harufu, udongo watosha. Mto haumzuii fisi, wala haupunguzi harufu. Mto ni kwa ajili ya kichwa cha mtoto tu. Aliyeuweka alijua ya kuwa mtoto hasikii tena, lakini mikono yake ilimtendea kama ilivyomtendea kila usiku.

Na mtoto huyu aliwafaa nini wenzake? Alikuwa hajapasua jiwe, hajaleta nyama, hajachota maji. Kama kundi lile lingalikuwa shirika la kazi tu, kila mtu akihesabiwa kwa faida yake, hangalikuwa na hesabu. Lakini walimchimbia, wakamfunika vema, wakamlaza ndani ya pango lile lile walimokaa wao. Watu hao hawakuwa na mji, wala shamba, wala maandishi, wala chuma. Jahazi lilikuwa halijaundwa. Hata hivyo, nani kati yetu atathubutu kusimama ukingoni mwa kaburi lile na kuwaita washenzi?

5. Tunalojifunza

Basi jibu letu ni hili. Mji, jahazi na maandishi ni matunda ya baadaye, nayo ni matunda mema. Lakini mzizi ni wa kale kuliko hayo yote: mkubwa amfundishaye mdogo, na wenye nguvu wamtunzao asiye na nguvu. Lugha yetu ina neno la asili kwa jambo hili, lisilotoka ng'ambo wala mjini, nalo ni utu.

Ikiwa ndivyo, kipimo chetu cha kumpima jirani hakina budi kugeuka. Nyumba yenye bati na taa, lakini mzee amesahauliwa chumbani, imepungukiwa na jambo ambalo watu wa pangoni walikuwa nalo. Na kijiji ambacho vijana hawafundishwi tena kusuka, kufinyanga wala kuhunzi, kimekata kamba iliyosokotwa kwa muda mrefu mno.

Tena liko jambo la kutenda. Mtu akichimba kisima au msingi wa nyumba, akakuta mifupa ya kale, vigae au mawe yaliyochongwa, asiyatupe wala kuyauza. Aache kuchimba mahali hapo, awaarifu wakubwa wa serikali au makumbusho. Tanzania ina sheria ya mambo ya kale tangu mwaka 1964, na Kenya ina sheria yake ya mwaka 2006. Kama wale wachimbaji wa Kilifi wangalikuwa na haraka, Mtoto angalikuwa vumbi, nasi tusingalijua habari ya mto wake.

Maswali ya kuzungumza

1. Ni kazi gani ya mikono uliyofundishwa na mzee wako, nawe umemfundisha nani?

2. Kwa nini ushanga ni dalili ya ujirani?

3. Eleza tofauti kati ya kumfukia mtu na kumzika.

4. Katika kijiji chako, ni nani asiyeleta faida yo yote, naye anatunzwaje?