Nimeitwa kortini kwa deni, je, nitafungwa?

Shangazi, mimi ni fundi wa kushona hapa Kongowea, Mombasa, na nina watoto watatu. Mwaka jana nilichukua kwa mkopo vitambaa vya sare za shule, vya Sh180,000. Shule iliyoniagiza haijanilipa hadi leo. Mama mwenye vitambaa alinishtaki akashinda. Madalali walipokuja nilijifungia ndani, na usiku huohuo nikaipeleka cherehani kwa dada yangu Kilifi. Sasa nimeletewa notisi nifike kortini nieleze kwa nini nisifungwe. Kwa wiki napata Sh3,000 nikibahatika. Nafikiria nisiende. Unasemaje?
Fundi, Kongowea

Mwanangu, barua yako nimeisoma mara mbili, na kilichonishtua zaidi ni hilo la kutokwenda. Tafadhali, nenda.

Isome tena notisi. Inakuita ujieleze, maana yake hakimu hajaamua. Kifungu cha 38 cha Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Madai hakimruhusu kukutia jela kwa kuwa huna kitu. Lazima akupe nafasi ya kusema, kisha aridhike kwamba unao uwezo na unakaidi, au unataka kutoroka, au umeficha mali ili mdai asiipate. Mwaka 2010 Jaji Martha Koome, ambaye baadaye alikuwa Jaji Mkuu, alikataa mdaiwa afungwe, akiegemea mkataba wa kimataifa unaokataza mtu kufungwa kwa sababu tu ameshindwa kulipa alichoahidi. Wengi waliosikia wakadhani jela ya madeni imekwisha Kenya. La. Mwaka 2012 Jaji David Majanja aliamua kwamba kifungu hicho kingalipo, mradi utaratibu wake ufuatwe. Usipofika, mama wa vitambaa atazungumza peke yake na hakimu anaweza kuagiza ukamatwe. Kifungo huweza kufika miezi sita, na ukitoka deni liko palepale.

Sasa cherehani. Hapo ulikosea, ingawa naelewa hofu iliyokusukuma. Kifungu cha 44 kinakinga vyombo vya kazi anavyovihitaji fundi, pamoja na vitanda, matandiko, nguo na vyombo vya kupikia. Kama hukuiweka dhamana, dalali hakuwa na haki ya kuigusa. Kwa kuitoa usiku, umeifanya ifanane na mali iliyofichwa, na wakili wa mdai hataacha kulisema hilo.

Siku ya kesi beba daftari lako la wateja, taarifa ya M-Pesa ya miezi sita, risiti za kodi na karo, na ile oda ya shule yenye muhuri. Hakimu hawezi kuuona umaskini wako usoni. Mwoneshe kwa karatasi. Kisha omba kulipa kidogo kidogo. Mahakama inaweza kukubali hata mdai akipinga, ikiwa una sababu ya kutosha. Usitaje Sh10,000 kwa mwezi ili kuwafurahisha watu. Ukikosa mwezi wa pili utaonekana mkaidi. Toa kodi, unga na nauli, ndipo utaje kinachobaki. Kikiwa Sh3,000, sema hiyo.

Najua kwa mwendo huo Sh180,000 zitachukua miaka mitano, mbali na gharama za kesi. Mama yule naye alitoa mali yake, na si haki angoje hivyo. Kwa hiyo idai shule. Wewe pia ni mdai! Mahakama ya Madai Madogo husikiza madai yasiyozidi Sh milioni 1, na sheria inataka kesi iishe ndani ya siku 60. Peleka oda na hesabu ya sare ulizowasilisha, kisha mwambie mama wa vitambaa kwamba umeshtaki, na umpe chochote ulicho nacho kabla ya siku ya kufika mbele ya hakimu.

Lakini kwanza, leo hii, panda matatu ya Kilifi ukairudishe cherehani nyumbani.