Hisabu: Kugawanya Penye Baki

Wanachama wenzangu,

Kugawanya twakujua sote. Lakini hisabu isipotoka sawasawa, wengi huandika baki pembeni ya karatasi na kuisahau. Leo tuitazame hiyo baki, kwani mara nyingi ndimo fedha zinamopotelea.

Mfano wa kwanza nautoa mbali na karafuu zetu, huko Njombe, katika kata iitwayo Ramadhani. (Si mwezi wa kufunga, ni mahali, tena pa baridi.) Tuseme mkulima wa huko ana viazi kilo 1,250 vya kwenda Makambako, penye njia panda ya Mbeya, Iringa na Songea. Kwa sheria ya vipimo gunia lisizidi kilo 100. Basi 1,250 kwa 100 ni 12, baki 50. Akiulizwa magunia mangapi yatajaa, jibu ni 12. Akiulizwa anunue magunia matupu mangapi, ni 13, maana zile kilo 50 hazibebwi mikononi. Akiulizwa alipwe magunia mangapi, ni 12 na nusu. Hisabu ni moja na majibu ni matatu. Kwa hiyo soma swali mpaka mwisho kabla hujajibu.

Sasa aja mnunuzi na lumbesa, gunia lililovimbishwa kichwani na kushonewa kamba, lenye kilo 140. Bei ni ile ile, tuseme shilingi 70,000 kwa gunia. Gawanya: 8, baki 130. Mnunuzi asema gunia la tisa halikujaa, hivyo alipa manane, shilingi 560,000. Hata akilipa yote tisa ni 630,000. Kwa kipimo cha haki mkulima angepata 875,000. Hakuna aliyemwibia usiku. Amepunjwa mchana kweupe kwa kigawanyo.

Turudi shambani. Wachumaji 47, gari huchukua 9. Ni safari 5, baki 2. Nimepata kumsikia mtu mzima akijibu safari tano. Je, wale wawili walale mikarafuuni?

Chuoni, tulipofundishwa mirathi, tuliambiwa kuwa wenye mafungu wakishachukua yao, kinachobaki ni cha asaba. Baki ina mwenyewe. Katika mizani pia yafaa kuuliza ni ya nani.

Wazee walipima kwa frasila ya ratli 35. Ratli 500 zilikuwa frasila 14, baki ratli 10. Kuhakikisha, zidisha 14 kwa 35, upate 490, kisha ongeza 10. Baki ikiwa 35 au zaidi, umekosea; frasila nyingine imo ndani yake.

Zoezi: Mwanachama ana karafuu kavu kilo 340, na kila gunia analijaza kilo 50. Aje na magunia mangapi? Yatajaa mangapi? La mwisho litakuwa na kilo ngapi? Alipwe kilo ngapi? Leteni majibu siku ya mkutano, pamoja na njia mliyoifuata.

Katibu