Chini ya Sifuri: Hesabu Ndani ya Jokofu la Chanjo

Rafiki msomaji, kama uko sekondari hapa Bariadi, bila shaka unaijua ile kauli ya darasani: "Hasi na hasi ni chanya." Halafu unaulizwa −3 + (−5), unaandika 8, unapata kosa. Kwa nini?

Tuiweke kando hiyo kauli. Twende kituo cha afya. Kwenye jokofu la chanjo kuna kipimajoto, na kipimajoto ni ule mstari wa namba wa daftarini, ila umesimama wima. Sifuri ni pale maji yanapoganda. Juu yake ni chanya, chini yake ni hasi.

Ukijumlisha chanya, unapanda. Ukijumlisha hasi, unashuka. Basi ukiwa −3 ukashuka nyuzi 5 zaidi, umefika −8. Baridi umeiongezea baridi, joto litoke wapi?

Na kutoa je? Kutoa ni kuuliza: kutoka pale hadi hapa ni hatua ngapi? Tuseme barafu kwenye friza iko −20, na chanjo iko 4. Kutoka −20 hadi sifuri ni hatua 20, kisha 4 tena. Kwa hiyo 4 − (−20) = 4 + 20 = 24. Hapo ndipo alama mbili zinapogeuka kujumlisha: unapotoa hasi.

(Majibu "hasi" ya kipimo cha VVU ni jambo lingine kabisa, maana yake kipimo hakikuonyesha maambukizi. Usiyaingize kwenye hesabu hizi!)

Sasa, kwa nini tunakuchosha na hayo? Chanjo ya HPV, inayokinga saratani ya mlango wa kizazi, ilianza kutolewa nchi nzima mwaka 2018. Tangu 2024 wasichana wa miaka 9 hadi 14 wanapata dozi moja tu. Hutunzwa kati ya nyuzi 2 na 8, na haitakiwi kuganda hata mara moja. Ndiyo maana nesi anayekwenda na kisanduku cha chanjo kwenye shule za vijijini hachukui barafu ya −20 na kuipakia palepale. Anaiacha nje kwanza, jua la Bariadi lisimdanganye kuharakisha, mpaka akiitikisa anasikia maji yanacheza ndani. Hapo imefika sifuri.

Tuseme usiku jokofu limeshuka hadi −2 na chanjo ikaganda. Asubuhi joto limepanda nyuzi 6: −2 + 6 = 4. Hesabu ni sahihi na kipimajoto kinaonekana kizuri, lakini chanjo iliyoganda haiponi kwa kuyeyuka. Nguvu yake imeharibika, na ukichomwa hiyo hutajua. Kwa hiyo joto huandikwa kwenye karatasi asubuhi na jioni. Mwandishi akisahau kile kistari, akaandika 2 badala ya −2, amekosea kwa 2 − (−2), yaani nyuzi 4, na karatasi inasema kila kitu salama.

Jaribu mwenyewe, chora kipimajoto kama unakwama:
(a) −6 + 9
(b) −4 − 3
(c) 5 − (−2)
(d) −7 − (−7)

Majibu: (a) 3 (b) −7 (c) 7 (d) 0