Kijana akisikia sauti, tusimfungie ndani

TUCHUKUE mfano wa kijana wa miaka 20, mpole, anayeheshimu wakubwa. Pole pole anaanza kujitenga. Usiku halali, masomo yanamshinda, haogi. Wazazi wanadhani ni utundu wa ujana. Miezi inapita, mara anadai redio inamtangaza yeye na chakula cha mama yake kina sumu. Hapo mtaa mzima unatoa hukumu: karogwa, au ana majini.

Wenye elimu ya tiba wanatueleza kuwa hizo zinaweza kuwa dalili za maradhi ya akili, mojawapo likiwa skizofrenia. Kwa wanaume huanza zaidi kati ya miaka ya mwisho ya ubalehe na ishirini na kitu. Shirika la Afya Duniani liliwahi kukadiria kuwa takriban mtu mmoja katika kila 300 anao ugonjwa huo. Uvutaji bangi nao huongeza hatari.

Hatusemi watu waache dua na kisomo. La hasha! Tunachosema ni kwamba dua haizuii dawa. Mtume (s.a.w.) ametufundisha kujitibu, na akabainisha kuwa mwendawazimu haandikiwi dhambi mpaka apate fahamu. Sasa sisi tunamfunga kamba kwa kosa gani?

Waislamu waliotutangulia walilifahamu hili. Abu Zayd al-Balkhi, aliyefariki mwaka 934, aliandika kitabu juu ya afya ya mwili na ya nafsi kwa pamoja. Mwaka 1284 Sultani Qalawun alijenga hospitali Cairo, na wagonjwa wa akili walitibiwa humo.

Basi ndugu yangu, ukiona dalili hizo, usimcheke kijana wala usibishane naye kuhusu sauti anazozisikia, kwani kwake ni za kweli. Mpeleke hospitali mapema. Tiba ikichelewa, kupona huwa kugumu zaidi. Akipata nafuu asiache dawa bila ya kauli ya daktari. Na akitaja kujiua, usingoje kesho.

Mtoto akivunjika mguu hatuoni aibu kumbeba mchana kweupe kumpeleka kwa daktari. Kwa nini akiugua akili tunamficha chumba cha uani, tukiogopa majirani watasema nini? Majirani hawataulizwa juu ya amana ile. Tutaulizwa sisi.