Hati ya Nantes

Ndugu msomaji, Henri wa Nne wa Ufaransa alikuwa Mprotestanti, akaingia Ukatoliki mwaka 1593 ili nchi yote imtii. Wenzake wa zamani hakuwasahau. Mwaka 1598 aliwapa hati mjini Nantes: waabudu mahali palipotajwa, washike kazi za serikali, na wawe na miji yenye ngome na askari wao. Hati ilijieleza kuwa ni ya milele.

Basi na tuitazame milele hiyo. Henri aliuawa kwa kisu mwaka 1610. Mwanawe, Louis wa Kumi na Tatu, aliuzingira mji wa La Rochelle zaidi ya mwaka, maelfu wakafa kwa njaa, hata ukasalimu amri mwaka 1628. Mwaka wa pili yake Waprotestanti wakanyang'anywa ngome, ibada wakaachiwa. Twakuomba usipapite hapa mbio. Ibada ilibaki, na kilichoilinda kiliondoka. Tangu hapo ilisimama kwa radhi ya mfalme tu.

Louis wa Kumi na Nne hakuwa na radhi hiyo. Tangu mwaka 1681 askari walitiwa majumbani mwao, wale na kuharibu mpaka wenyewe wabadili dini. Oktoba 1685 hati ikafutwa. Wachungaji walipewa siku 15 watoke. Wengine wakakatazwa kuhama, nao wakatoroka kwa maelfu, baadhi yao hata London.

Uingereza mwaka huo huo alitawala James wa Pili, Mkatoliki. Mwaka 1687 alitangaza ruhusa ya ibada kwa amri yake, bila ya Bunge. Wengi hawakuiamini, maana wakimbizi wa Louis walikuwa mitaani mwao wakisimulia. Mwaka 1688 James akakimbia, na aliyempokea ni Louis yule yule.